Tunaomba polisi, tunasahau amri

Kwenye maombi ya zuio (amri ya mahakama ya kumkataza mtu kufanya jambo) yanayofunguliwa Dar es Salaam siku hizi, ombi la mwisho limeanza kufanana: polisi waamriwe kumpatia mwombaji ulinzi hadi shauri la msingi, yaani kesi yenyewe, litakapoamuliwa. Linatiwa kama chumvi, mtu awe anagombania kiwanja Goba, fremu ya duka Kariakoo au nyumba ya marehemu Tandika. Chimbuko lake halijifichi. Mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, na watu wasio na wakili wakapata nguvu ya kuandika maombi yao wenyewe au kwa msaada wa wasaidizi wa kisheria, wakitumia rasimu zinazozunguka kwenye WhatsApp. Baadhi ya rasimu hizo zina asili ya Kenya, ambako amri ya mahakama mara nyingi humalizia kwa kumtaka mkuu wa kituo cha polisi ahakikishe imetiiwa. Msomaji wa Mbagala akiyaona maneno hayo anaamini amepata dawa ya mabaunsa.

Nadhani ombi hilo linaeleweka vibaya na wanaoliomba, na pia na wanaolibeza. Amri inayotaja polisi haimpi mtu askari wa kukaa getini. Kazi yake ni finyu kuliko hiyo, na ina manufaa zaidi: inamwondolea askari hofu ya kuonekana amechagua upande, kwa kumweleza kwa maandishi ni kitendo gani kisifanyike, wapi, na nani, mpaka lini. Amri ikikosa hayo haitekelezeki hata ikiwa na mihuri mitatu. Anayepigania neno "polisi" liingie kwenye amri, huku mengine yakiandikwa kijumlajumla, anatoka mahakamani na karatasi ambayo kaunta ya kituo itaisoma na kumrudishia.

Tuanze na kauli ambayo kila aliyewahi kugombania mali Dar ameisikia kaunta: "Hilo ni la madai, nendeni mahakamani." Kauli hiyo ni ukweli nusu. Sheria ya Jeshi la Polisi, Sura ya 322, inalipa jeshi jukumu la kulinda amani, kuzuia uhalifu na kulinda mali, na haisemi kwamba jukumu hilo linasimama pale wahusika wanapokuwa na mgogoro wa kiraia. Kanuni ya Adhabu inafanya kosa kutishia kwa vurugu na kuharibu mali kwa makusudi. Inafanya kosa pia kuingia kwenye ardhi kwa nguvu ili kuitwaa, na hapa wengi hushangaa: haijalishi kama aliyeingia ana haki ya kuwapo pale. Mwenye hati halali anayekuja na watu kumi wenye nyundo kumtoa mvamizi anaweza kuwa yeye ndiye mkosaji siku hiyo. Hakuna kati ya hayo kinachohitaji amri ya mahakama ili polisi wafike.

Lakini woga wa askari nao una mizizi. Mahakama Kuu, katika uamuzi ulioripotiwa mwaka 1992, ilisema shtaka la kuingia kijinai haliwezi kusimama pale ambapo umiliki wa ardhi yenyewe unabishaniwa na haujaamuliwa na mahakama ya madai. Msimamo huo umefuatwa sana tangu hapo. Mpelelezi aliyeona majalada yake yakifia mahakamani kwa sababu hiyo hujifunza kuikwepa ardhi kabisa, na hapo ndipo anapovuka mpaka. Uamuzi ule unahusu jinai ya kuingia kwenye ardhi yenye utata. Haukusema kwamba panga lililoinuliwa juu ya kichwa cha jirani ni suala la madai. Mgogoro mmoja unaweza kuzaa vitu viwili kwa pamoja: swali la nani mwenye mali, ambalo polisi hawapaswi kulijibu, na kitendo cha vurugu, ambacho wanapaswa kukizuia saa hiyohiyo. Mwombaji anayekwenda kituoni akianza kusimulia historia ya kiwanja tangu babu yake anampa askari sababu ya kumrudisha. Anayeanza na tishio (nani alisema nini, lini, mbele ya nani) anatoka na namba ya RB, ile ya taarifa iliyoandikishwa kituoni.

Upande wa madai, msingi wetu ni Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, iliyotungwa mwaka 1966 kwa kufuata sana sheria ya India ya mwaka 1908. Amri ya XXXVII, ambayo ni sehemu ya sheria hiyo, inaruhusu zuio la muda pale mali inapokuwa hatarini kuharibiwa au kuhamishwa. Vigezo vyake ni vile vya shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kuwe na swali zito la kuamuliwa lenye dalili za kufanikiwa, kuwe na hatari ya hasara isiyofidika, na usumbufu wa kukosa zuio uwe mkubwa kuliko wa kulitoa. Polisi hawatajwi popote kwenye vigezo hivyo. Mahakama ikiamua kuwataja huwa inaegemea mamlaka yake ya jumla, ya kutoa amri nyingine za muda zinazoonekana ni za haki na zinafaa, pamoja na mamlaka ya asili ya kulinda utendaji wa haki. Maana yake ni kwamba ombi la polisi haliwezi kusimama peke yake. Linahitaji zuio la kuliegemea, na zuio linahitaji shauri la msingi lililofunguliwa. Anayeleta ombi la ulinzi bila shauri anapoteza ada na muda.

Hapa ndipo maamuzi ya India yanayopatikana mtandaoni yanapotupotosha. Kule mtu huweza kwenda Mahakama Kuu ya jimbo moja kwa moja chini ya ibara ya 226 ya katiba yao na kuomba polisi waamriwe kumlinda, na hata huko majaji wameonya mara nyingi kwamba njia hiyo isigeuzwe mlango wa nyuma wa kuamulia migogoro binafsi. Kwetu njia ya kikatiba inapita kwenye Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi, Sura ya 3, na sheria hiyo inaizuia mahakama kutumia mamlaka yake kama mlalamikaji ana njia nyingine ya kutosha. Katika ugomvi wa majirani njia nyingine huwa ipo karibu kila mara. Rasimu ya Kochi, India, au ya Nairobi haifi kwa kukosa akili. Inakufa kwa kukosa kifungu. Na hata rasimu zetu wenyewe za zamani zina hatari, kwa sababu toleo la urekebu wa sheria la 2023, lililoanza kutumika Julai 1, 2025, limehamisha namba za vifungu kadhaa. Ndiyo sababu hapa nataja sheria kwa jina na sura. Namba ya kifungu itazamwe kwenye toleo jipya siku ya kuandika.

Wanaotetea ombi la ulinzi wana hoja tatu. Ya kwanza ni ya kweli kabisa: askari hutii maandishi yenye muhuri wa mahakama kwa wepesi kuliko malalamiko ya mdomo, kwa sababu akihojiwa na mkubwa wake ana cha kuonyesha. Ya pili ni kwamba katika mashauri ya mirathi na ndoa, aliye dhaifu huwa anaishi nyumba moja na anayemtishia, na Tanzania haina sheria mahususi ya ukatili wa majumbani kama ile Kenya iliyotunga mwaka 2015. Mtu kama huyo anategemea vipande: kifungu cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinachoruhusu mahakama kumzuia mwenzi au mtalaka kumsumbua mwenzake (nacho hakiwagusi mashemeji), dawati la jinsia na watoto pale kituoni, na zuio la kawaida la madai. Kwake mstari unaotaja polisi unaweza kuwa ndio unaomfanya alale ndani usiku huo. Ya tatu ndiyo inayorudiwa zaidi, na ndiyo dhaifu kuliko zote: kwamba bila polisi amri ya mahakama ni karatasi tu.

Si kweli. Anayekiuka zuio chini ya Amri ya XXXVII anaweza kukamatiwa mali yake na kuwekwa ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Tena Kanuni ya Adhabu inafanya kosa la jinai kutotii amri halali ya mahakama, kwa hiyo polisi wana pa kuanzia hata kama amri haikuwataja. Kinachoifanya amri iwe karatasi ni kwamba maombi ya kuadhibu ukaidi hayafunguliwi, au yanafunguliwa bila ushahidi kwamba mkaidi aliipokea. Mahakama haimfungi mtu kwa amri ambayo haikuthibitishwa kumfikia, au yenye maneno yanayoweza kusomwa kwa namna mbili. Waliosema "tuliipata amri na haikusaidia" wafungue jalada waangalie kama kuna kiapo cha msambaza nyaraka. Mara nyingi hakipo. Kilichopo ni picha ya amri iliyotumwa kwa simu na alama mbili za bluu.

Upande wa pili nao una hoja, na moja kati yake ni nzito kuliko zote nilizozitaja. Sare ya polisi kwenye kiwanja chenye kesi hubadilisha ukweli wa mtaani. Majirani wakiona Land Cruiser imeegeshwa huku mafundi wanapandisha ukuta, hawasemi "kuna zuio la muda"; wanasema "yule keshashinda". Mnunuzi anatokea, mwenyekiti wa serikali ya mtaa anaanza kumtambua aliyepo, shahidi anakunja mkia, na shauri linapofika hukumu kiwanja kina ghorofa. Kwa Goba, Madale, Chanika au Kigamboni, ambako kukaa kwenye eneo kunahesabika sana mtaani kuliko makaratasi, ulinzi wa muda unaweza kuwa umiliki wa kudumu kwa jina jingine. Anayeweza kumudu wakili wa kuwahi masjala Jumatatu asubuhi na kusikilizwa upande mmoja ndiye atakayekuja na polisi, na kuwahi huko hakuthibitishi kuwa ndiye mwenye haki. Sioni jibu jepesi kwa hoja hii. Ninachokiona ni kwamba inapinga amri zilizoandikwa ovyo zaidi kuliko inavyopinga amri zenyewe, kwa sababu amri inayowafunga wote wawili mikono haimpi yeyote nafasi ya kujenga.

Chukua maneno yanayopendwa kuliko yote: "hali ibaki kama ilivyo." Ilivyo lini? Siku maombi yalipofunguliwa, siku amri ilipotolewa, au kabla bati halijang'olewa wiki iliyopita? Mdaiwa aliyevamia Ijumaa na kuweka mlinzi atasema hali ilivyo ni yeye kuwa ndani, na askari aliyeletwa hana namna ya kumpinga. Amri inayofaa inataja tarehe na kueleza hali yenyewe: msingi umefika kozi ya ngapi, nani analala ndani, geti lina kufuli la nani, na picha zenye tarehe zimeambatishwa kwenye kiapo. Inataja kiwanja kwa namba na kitalu. Kama hakijapimwa, inataja majirani wa pande nne, namba iliyo kwenye nguzo ya umeme iliyo karibu, namba ya leseni ya makazi kama ipo, na nukta za GPS. Inawataja wajibu maombi (wale wanaoombewa zuio) pamoja na "mawakala, watumishi na yeyote anayefanya kazi kwa niaba yao", kwa kuwa mabaunsa hawakosi kusema wao hawamo kwenye karatasi. Inataja vitendo kimoja kimoja: wasijenge, wasibomoe, wasiuze, wasiingize mtu, wasikate maji wala umeme. Inataja siku inapoisha. Sehemu ya polisi inakuja mwisho na iwe fupi: Mkuu wa Polisi wa Wilaya asaidie kusimamia amani wakati amri inatekelezwa, na atoe taarifa ya maandishi mahakamani tarehe ambayo maombi yatatajwa tena.

Kipande hicho cha mwisho, cha taarifa, ndicho ninachokithamini kuliko vingine na ndicho kinachosahaulika. Askari anayejua kwamba tarehe fulani atatakiwa kueleza alichokikuta hufika eneo la tukio. Anayepewa agizo la "kutoa ulinzi" lisilo na mwisho halipangii mtu, na kwa haki kabisa, maana hana askari wa kumweka kwenye kiwanja cha mtu kwa mwaka mzima.

Angalia pia maneno "asaidie kusimamia amani". Yamechaguliwa kwa makusudi. Wapo wanaomuunganisha OCD (huyo Mkuu wa Polisi wa Wilaya) au Mkuu wa Jeshi la Polisi kama mjibu maombi wakidhani wanaongeza nguvu, kumbe wamegeuza shauri lao kuwa la dhidi ya Serikali. Hapo Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inaingia na vyote vyake: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu kuunganishwa, shauri kupelekwa Mahakama Kuu, na kikwazo cha mahakama kutoa zuio dhidi ya Serikali zaidi ya tamko la haki za wahusika. Kesi ya kiwanja iliyokuwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya inaondolewa kwa pingamizi la awali, na mvamizi anapata miezi mitatu ya kupaua. Polisi waombwe kama mkono wa mahakama katika kutekeleza amri yake, wasiburuzwe kama upande wa ugomvi.

Baraza lenyewe lina mlango wake wa kupitia. Tangu marekebisho ya 2021, mabaraza ya kata hayaamui tena migogoro ya ardhi. Yanasuluhisha tu, na baraza la wilaya halisikilizi shauri la umiliki bila cheti cha kata kwamba usuluhishi umeshindikana, au bila siku 30 kupita kata ikiwa haijafanikiwa. Siku 30 ni nyingi kwa mtu mwenye tofali na saruji. Pengo hilo ndilo linalowasukuma watu kutafuta polisi kwa njia za mkato, na ni kasoro ya sheria ambayo wabunge wangeweza kuitibu kwa mstari mmoja unaoruhusu zuio la dharura wakati usuluhishi unaendelea. Kwa sasa kuna chombo kinachotumika kidogo mno katika ugomvi wa watu binafsi: dhamana ya kutunza amani. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, hakimu akielezwa kwa kiapo kwamba mtu fulani huenda akavunja amani, anaweza kumwita ajieleze kwa nini asiamriwe kuweka dhamana hiyo, yenye wadhamini au bila wadhamini, kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Haigusi umiliki kabisa, haihitaji cheti cha kata, na inamlenga mtu badala ya ardhi. Utaratibu huu umewahi kulalamikiwa kwa kutumiwa kuwabana watu wasiotakiwa na wenye madaraka, kwa hiyo hakimu anapaswa kudai viapo vyenye matukio halisi. Ila kwa jirani anayepita kila jioni akiahidi damu, unafaa kuliko zuio la ardhi.

Njia nyingine ya mkato ni ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Sheria inampa uwezo wa kuamuru mtu akamatwe na kuzuiwa kwa muda usiozidi saa 48 pale amani inapotishiwa. Haimpi uwezo wa kutoa zuio la ujenzi wala kugawa kiwanja. Barua yake inaweza kumtuliza mtu, haiwezi kuambatishwa kama amri.

Kuhusu maombi yenyewe, yanapofia ni kwenye hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi ambayo mwombaji anayaapia. Kiapo ni mahali pa matukio. Hoja za kisheria, maombi na maoni vikiingia humo, aya hizo zinaweza kufutwa, na kilichobaki kisitoshe. Ukisema "niliambiwa na jirani kwamba wanakuja kubomoa", jirani huyo aape kiapo chake mwenyewe, la sivyo ni habari ya kusikia. Uthibitisho wa mwisho useme ni aya zipi unazijua mwenyewe na zipi umeelezwa na nani. Sehemu anayosaini kamishna wa viapo ioneshe mahali na tarehe. Pengo hapo limeua maombi mazuri kuliko hoja yoyote ya wakili. Vitisho vya simu vina sheria yake, ile ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, inayotazama uaminifu wa namna ujumbe ulivyotengenezwa, kutunzwa na kutumwa. Usifute mazungumzo, usiuze simu, usipeleke sauti iliyokatwa vipande. Ukiomba kusikilizwa upande mmoja kwa hati ya dharura, sema yote, pamoja na yanayokuumiza. Kama kuna kesi nyingine ya zamani kuhusu kiwanja hichohicho, itaje, kwa sababu mjibu maombi akiifichua yeye, zuio litaondolewa na hakimu hatakuamini tena.

Amri ikishatolewa, subiri nakala iliyochapwa, kusainiwa na kutiwa muhuri. Mwenendo wa shauri au picha ya skrini havitoshi kaunta. Mjibu maombi apelekewe na msambaza nyaraka wa mahakama, ambaye ataapa kiapo cha kufikisha. Polisi wapelekewe kwa barua inayotaja cheo, si jina la afisa, kwa kuwa uhamisho haukosi, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Hakikisha kwanza ni OCD yupi, maana wilaya za kipolisi hazifuati mipaka ya manispaa, na mtaa ulio upande mmoja wa barabara unaweza kuwa chini ya ofisi usiyoitegemea. Acha nakala nyingine chumba cha mashtaka cha kituo kilicho karibu, kwa sababu ubomoaji wa kuviziana hupenda Ijumaa jioni na alfajiri ya sikukuu, na utakayempigia saa hiyo ni askari wa zamu ambaye hajawahi kuiona barua ya OCD. Ukiombwa fedha ya mafuta au ya "vijana", uliza namba ya malipo ya Serikali. Isipokuwapo, simu ya TAKUKURU ni 113.

Tusichanganye hili na utekelezaji wa hukumu. Pale mtu ameshinda na anakazia hukumu, dalali wa mahakama ndiye anayemwondoa aliyeshindwa, na dalali ndiye anayeomba polisi wa kulinda amani kupitia mahakama iliyomtuma, baada ya kujitambulisha kwa mwenyekiti wa mtaa. Hapo haki imeshaamuliwa na sare haipotoshi mtu. Tatizo langu ni na sare inayotangulia hukumu.

Mjane wa Tandika anastahili aya yake, kwani kwake mengi niliyosema yanakuwa mepesi au mazito zaidi. Mepesi kwa sababu mgogoro wa mirathi hauhitaji cheti cha kata: Kituo Jumuishi cha Temeke kinashughulikia mirathi na mashauri ya kifamilia mahali pamoja, na msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama ya mwanzo ana Fomu namba IV inayomtambulisha mbele ya polisi. Mazito kwa sababu mara nyingi msimamizi ni shemeji yuleyule anayembana. Hapo kuomba polisi wakulinde dhidi ya mtu mwenye fomu ya mahakama ni kumtia askari kwenye mtego. Hatua ya kwanza ni kuirudia mahakama iliyomteua, kuomba awekewe masharti au aondolewe, na kuomba amri inayosema waziwazi kwamba mjane na watoto wabaki ndani mpaka mgawo ukamilike. Amri hiyo ikiwa mkononi, dawati la jinsia linajua la kufanya hata kama haikulitaja.

Vipi polisi wakiwa na amri safi, iliyopokelewa, na bado wasifike? Wengi huandika malalamiko mapya kwa mtu wa juu zaidi na kuishia hapo. Sheria ina njia: kuomba Mahakama Kuu imwamuru afisa wa umma kutimiza wajibu wake. Uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1986 uliomhusu Mkuu wa Mkoa wa Kagera uliweka masharti ambayo bado yanafuatwa, na la kwanza kati yake ni kwamba mwombaji awe ameudai wajibu huo na ukakataliwa. Barua yenye muhuri wa kupokelewa, ambayo wengi huiona ni urasimu, ndiyo ushahidi wa kudai. Njia hiyo inaanza na ruhusa, inamhusisha Mwanasheria Mkuu, na si ya wiki moja. Kwa hiyo wakati inaendelea, maombi ya kuadhibu ukaidi wa mjibu maombi yafunguliwe sambamba mahakama ileile iliyotoa zuio.

Na kalenda iwekwe ukutani. Zuio la muda haliruhusiwi kuzidi miezi 6, na hata likiongezwa jumla yake isizidi mwaka mmoja. Siku ya mwisho ikipita, kipengele cha polisi kinakufa pamoja nalo, na askari aliyekuwa akija kwa heshima ya amri atakuwa sahihi kabisa akirudi kwenye kauli yake ya mwanzo kwamba hilo ni la madai. Maombi ya kuongeza muda yafunguliwe siku 30 kabla, yakiwa na kiapo kinachoeleza kwa nini shauri la msingi halijaisha na kwamba aliyelichelewesha si wewe.